Nyonga ya Alumini

Mwanangu Zubeda,

Karani wa ofisi ya mitihani ya madaktari amenithibitishia kwa simu leo, saa nne na dakika kumi asubuhi, kwamba jina lako limo kwenye orodha ya watakaorudia kituo cha uzazi katika mtihani wa vitendo. Nilimwomba alisome herufi kwa herufi, akalisoma. Akaongeza, bila kuulizwa, kwamba kwa kanuni zao kurudia ni mara moja tu. Ukishindwa safari hii leseni huipati, na shahada uliyorudi nayo kutoka ng'ambo itabaki karatasi ya kutundika ukutani.

Hiyo ndiyo habari mpya. Habari ya pili ni ya zamani, ilitokea humu ndani ya nyumba yetu, na chanzo chake ni mimi. Nimekaa nayo tangu siku tisa kabla ya mtihani wako wa kwanza. Nakuandikia jioni hii kwa sababu kesho saa moja asubuhi unapanda basi la Gulu, kwenda kukaa miezi mitatu katika wodi ya wazazi huko kwa kina mama yako, na unaondoka ukiamini jambo ambalo si kweli.

Chandarua, maji ya kuchemsha, nani wa kumsalimu kwanza ukifika: mama yako ameshayasema yote, na mengine ameyasema mara mbili. Mimi naandika juu ya ile nyonga.

Nianze pale uliporudi. Miaka miwili ya mwisho ya masomo, ile ambayo wenzako waliokutangulia waliitumia wodini, wewe ulifungiwa hosteli kwa sababu ya korona ukafundishwa kupitia kioo cha kompyuta. Ulikuja na simu yenye programu ya mwili wa binadamu. Unavua ngozi kwa kidole, unavua misuli, unabaki na mifupa inayoelea kwenye weusi, unaizungusha utakavyo. Ulinionyesha mtoto akishuka katika njia ya uzazi, anainamisha kichwa, anageuka, anatoka. Nikakuuliza umezalisha akina mama wangapi.

"Kwenye simu, Baba? Wengi sana. Na hakuna aliyepiga kelele hata mmoja."

Nilicheka. Baadaye nilikumbuka kwamba wewe hukuwa umecheka.

Ulinieleza kituo ulichokiogopa. Mezani kuna nyonga ya plastiki imefunikwa kitambaa, ndani yake kichwa cha mwanasesere. Mtahiniwa anaingiza vidole viwili bila kuona, na anatakiwa aseme kisogo cha mtoto kimeelekea wapi. Ulinifundisha mpaka nikaelewa: utosi wa mbele ni mpana na una pembe nne, kitundu cha nyuma ni kidogo, kina pembe tatu, kidole kikikuta pembe tatu umekuta kisogo. Halafu unataja upande. Kushoto au kulia, mbele au nyuma. Ulisema kwenye simu unaweza kuzungusha ile picha mpaka usijue tena wewe mwenyewe umesimama wapi. Ulitaka kitu cha kushika.

Nyonga za plastiki tuliambiwa tusubiri ziagizwe. Mimi sikusubiri. Nilichapisha picha kutoka kwenye simu yako nikaenda Katwe, mtaa wa mafundi, kwa Wasswa, fundi anayesubu sufuria za alumini, ambaye niliwahi kumwandika gazetini miaka ya nyuma. Aliziweka picha juani akazitazama sana.

"Mzee, mimi ni mtu wa sufuria. Hii ni kitu gani?"

"Nyonga ya mwanamke."

Jirani yake anayechomelea majiko akainua miwani. "Wasswa, leo umepata sufuria yenye inazaa."

"Nyamaza wewe," Wasswa akamwambia, kisha akanigeukia. "Iko na tundu kubwa hapa chini. Utapika nini ndani, ssebo?"

"Daktari," nikamjibu, na banda zima likacheka.

Alichonga kielelezo cha mti kwanza, akakizika kwenye mchanga, akamimina alumini. Mara ya kwanza ilipasuka. Mara ya pili ilikubali. Kichwa cha mtoto alikisubu kando, cha mviringo kama limau, akachimba utosi wa pembe nne na kile kitundu cha pembe tatu kama nilivyomchorea. Kazi nzuri. Hadi leo sijaona kosa katika mkono wa Wasswa.

Ulikuwa umeniomba alama moja, mfuo mdogo kwenye ukingo, upande wa kushoto, ili ukifumba macho kidole kikuambie uko wapi. Siku ya kuchukua mzigo Wasswa alishika tupa akaniuliza, "Alama inakaa wapi?"

"Kushoto."

"Kushoto ya nani? Yako ama ya sufuria?"

"Sufuria haina kushoto, Wasswa."

Akacheka, akakata pale nilipoonyesha kidole. Nilionyesha kushoto kwangu, nikiwa nimesimama mbele ya nyonga, kama atakavyosimama daktari mbele ya mama aliyelala. Sikufikiri hata kidogo. Hapa lazima nikueleze kwa nini sikufikiri, maana hata mtu mvivu angefikiri.

Nikiwa bado mgeni gazetini nilitumwa bandarini Port Bell. Magunia yalikuwa yameibwa kwenye mabehewa yanayovushwa ziwani kwa feri. Polisi walikuwa wamemkamata mtu, na wakati wanamtoa alisimama kando ya mfanyakazi wa feri aliyekuwa anawaonyesha behewa lililovunjwa. Mpiga picha wetu akawapiga wote wawili. Nikamwuliza mfanyakazi, "Pichani wewe ni yupi?" Akasema, "Mimi ni huyu wa kushoto." Alikuwa anasema kushoto kwake yeye. Nikaandika hivyo kwenye daftari, na chini ya picha gazeti likaandika "kutoka kushoto". Msomaji huhesabu kutoka kushoto kwake mwenyewe. Asubuhi mji mzima ulimwona mfanyakazi wa feri akiitwa mwizi, na mwizi akiitwa shahidi.

Masahihisho yalitoka siku nne baadaye, mistari miwili, ukurasa wa pili chini, karibu na ratiba ya misa. Yule bwana alishafukuzwa kazi. Alikuja ofisini akasimama katikati ya meza zetu akauliza, bila kupaza sauti, "Ni nani alinihamisha upande?" Niliinua mkono. Akanitazama, akaondoka. Miaka mingi baadaye nilimkuta Luzira anauza mkaa. Alinitambua kabla sijamtambua. "Bado unaandika?" akaniuliza. Nikasema ndiyo. Akanipimia mkaa.

Tangu siku ile nilikuwa na kanuni moja ambayo niliwafundisha wote walionifuata pale ofisini: kushoto ni kushoto kwa anayetazama, hakuna kushoto kwingine duniani. Niliirudia miaka yote mpaka ikawa kama mfupa wangu. Somo nililonunua kwa riziki ya mtu mwingine. Ndilo nililolipeleka Katwe, Zubeda, na ndilo nililolikaza kwenye alumini.

Katika udaktari, kushoto ni kushoto kwa mgonjwa. Mama aliyelala chali mbele yako, kushoto kwake kuko kwenye mkono wako wa kulia. Wewe ulilijua hilo. Nataka liandikwe wazi: ulilijua kabla yangu, na ulilisema.

Unakumbuka jioni ya kwanza. Nilikuwa nimetoka kuswali alasiri, nikaweka nyonga kwenye meza ya barazani, nikapachika kichwa, nikafunika kwa kitenge cha mama yako. Ukafumba macho ukaingiza vidole. Ulichukua muda mfupi sana.

"Kisogo kiko mbele, kushoto."

Nikafunua. Kisogo kilikuwa upande wa mkono wako wa kulia. "Kulia," nikasema. "Umekosea."

"Hapana, Baba. Kushoto ya mama."

"Alama iko wapi?"

Ukapapasa. "Huku."

"Alama ni ya nini?"

"Ya kushoto."

"Basi."

Halafu ukasema, polepole, "Nilidhani mtu anahesabu kutoka kwa mama." Nikaenda ndani nikaleta ile karatasi niliyochapisha kutoka kwenye simu yako. Ilikuwa picha ya nyonga inayotazamwa kutoka juu, kana kwamba umesimama kichwani kwa mama unachungulia chini. Ukiitazama hivyo, kushoto kwa mama na kushoto kwako ni kumoja. Sikujua kwamba nashika picha ya aliyesimama kichwani ili kumsahihisha aliyesimama miguuni. Wewe ungeweza kujua, lakini ulikuwa umeizungusha picha ile kwenye simu kwa miaka miwili, na hukuwa na mama hata mmoja wa kweli wa kumkumbuka. Na katika nyumba hii husemwa kwamba Baba hakosei jina wala upande. Mimi ndiye niliyeanzisha msemo huo.

Jioni ya pili ulisema kushoto, nikasema kulia. Ya tatu ulisita kabla ya kujibu. Ya nne ulijibu kama nilivyotaka, nikasema, "Sawa sawa." Baada ya juma moja hukukosea tena. Nilikuwa naweka kichwa kila namna, mbele, nyuma, ubavuni, wewe unapapasa, unataja, mimi nafunua na kutikisa kichwa kukubali. Nilikuwa nimeugeuza mkono uliokuwa unajua.

Sasa nifike kwa Mama Mdogo Aciro. Alikuja kutusalimia kutoka Mengo, siku tisa kabla ya mtihani, akatukuta barazani. Unajua alivyo; amezalisha akina mama tangu kabla hujazaliwa, na wewe mwenyewe ulitokea mikononi mwake. Alikaa na chai yake akatuangalia mara tatu, nne. Ulipoingia ndani kumwongezea sukari, alivuta kiti.

"Shemeji, hii sufuria yako haisukumi. Mama anasukuma. Lakini hiyo wacha. Huyu mama umemgeuza. Mtoto anasema kulia na mimi naona kushoto."

Nikamwambia kushoto ni kwa anayetazama. Hakubishana. Alilala chali pale pale kwenye mkeka, na utu uzima wake wote, akainua mkono mmoja. "Simama miguuni pangu. Mkono gani huu?"

Nilisimama miguuni pake. Ulikuwa mkono wa kushoto, na ulikuwa upande wangu wa kulia.

"Uko na akili ya gazeti," alisema, akinipa mkono nimwinue. "Utamwambia mwenyewe, ama nimwambie mimi?"

"Nitamwambia mimi."

Ukarudi na sukari. Sikukuambia.

Nimewahoji watu wengi walionyamaza juu ya jambo walilolijua: madereva, makarani, mganga mmoja, askari kadhaa. Wote husema hawakutaka kumtia mwenzao wasiwasi. Sijapata kumwamini hata mmoja wao. Hata mimi niliwaza hivyo: siku zimebaki tisa, nikimgeuza sasa atachanganyikiwa kabisa, pengine kituo chenyewe hakitakuja, pengine akifika atajikumbusha. Maelezo hayo yanaonekana mazuri. Ukweli ni mdogo na mbaya kuliko hayo. Gazeti lilikuwa limenistaafisha. Kazi yangu ya mwisho pale ilikuwa kusahihisha maandishi ya wengine, na tangu niliporudi nyumbani sikuwa na wa kumsahihisha. Kisha ukaja wewe na kituo chako, na kila jioni saa kumi na moja mtu alikaa mbele yangu akasubiri niseme sawa au si sawa. Sikutaka kuwa yule aliyekosea kwenye meza ile. Niliahirisha hadi kesho, na kesho, kisha ikawa asubuhi ya mtihani, na nilikufungia mlango wa gari nikakuambia, "Sikiliza vidole vyako."

Kituo kilikuja.

Siku ya matokeo ulinipa karatasi niisome kwa sauti kwa sababu hukutaka kuiona tena. Ulikuwa umepita vituo vyote isipokuwa hicho. Mtahini alikuwa ameandika mstari mmoja: mkao wa kichwa ameutambua, upande amekosea, mara zote tatu. Niliusoma kwa sauti ile ile ninayosomea habari. Ulichukua karatasi ukaikunja mara mbili, ukaenda kuosha vyombo vilivyokuwa vimeshaoshwa.

Jioni hiyo mama yako alikukuta jikoni, akaniletea maneno yako kama yalivyo. "Mama, mimi nina kichwa, lakini mikono yangu haina akili. Daktari bila mikono ni nini?" Siku iliyofuata uliifuta ile programu kwenye simu. Juma lililofuata uliuliza habari za kazi katika duka la dawa.

Mama Mdogo alipiga simu kunipa pole. Kabla ya kukata aliuliza, "Shemeji, ile kitu ulimwambia?"

"Nilimwambia," nikasema.

"Basi ni Mungu," akasema. Yeye ndiye aliyekutafutia nafasi huko wodini unakokwenda, na tangu siku ile anadhani, kama wewe unavyodhani, kwamba tatizo ni mikono yako. Uongo huo nao ni wangu. Sikuuhesabu mwanzoni. Nauhesabu sasa.

Kwa hiyo, kama ilivyokuwa desturi yetu ofisini, naandika hapa kile ninachopaswa kuandika, kwa maneno machache na bila kujitetea.

Masahihisho. Katika mazoezi yaliyofanyika barazani kwetu, Zubeda alitaja upande wa kisogo kwa usahihi tangu jioni ya kwanza. Baba yake alimwambia amekosea. Aliyekosea ni baba. Alifahamishwa kosa hilo siku tisa kabla ya mtihani na akalificha. Baadaye alimdanganya Mama Mdogo Aciro kuhusu jambo hilo hilo.

Sasa rudi kwenye mstari wa mtahini uusome upya, kwa jicho la mtu aliyezoea kutafuta kosa lilikoanzia. Mtu asiye na mikono hukosea ovyo. Leo atasema mbele kumbe ni nyuma, kesho atashika utosi akauita kisogo, mara moja atapatia kwa bahati. Wewe ulipewa vichwa vitatu chini ya kitambaa, ukiwa na hofu, mbele ya watu usiowajua. Mbele na nyuma ulipatia kila mara. Upande uliukosa mara zote tatu, tena kwa namna ile ile moja. Ukigeuza majibu yako yote matatu yanakuwa sahihi yote matatu. Vidole vyako havikukosea hata mara moja siku ile. Vilifikisha habari sahihi, nayo ikatafsiriwa kwa lugha niliyokufundisha mimi. Sisemi hivi kukutuliza. Nimeikagua karatasi ile zaidi ya nilivyokagua karatasi nyingine yoyote, na hivyo ndivyo inavyosema.

Sijui kama kulijua hilo kutakusaidia au kutakuumiza zaidi. Huenda ungependa kosa liwe lako kuliko liwe la baba. Mimi mwenyewe, babu yako alipokuwa polisi na tunaishi kwenye laini za askari, zile nyumba za kambini, nilipigwa siku moja kwa redio iliyovunjika. Nikaamini miaka mingi kwamba niliivunja mimi, kwa kuwa yeye alisema hivyo na yeye hakuwa mtu wa kusema uongo. Alipokuwa mgonjwa aliniambia aliiangusha yeye. Alisema kama anayetaja saa, kwa Kiswahili kile cha paredi, maneno manne. Nilimwambia haina neno. Ilikuwa na neno. Nilitamani angeniambia wakati bado nina umri wa kukasirika mbele yake. Basi nakuambia ungali na umri huo, na mimi ningali na masikio.

Leo alasiri nilirudi Katwe na nyonga mkobani. Nilimwomba Wasswa auzibe ule mfuo na kukata mwingine upande wa pili. Aliigeuza mikononi akakumbuka.

"Mimi nilikuuliza, mzee. Kushoto ya nani."

"Uliniuliza."

"Na daktari wetu? Alifaulu?"

"Hakufaulu."

Aliweka tupa chini. Jirani wa majiko alikuwa anasikiliza, na safari hii hakuwa na mzaha. "Hii hatuzibi," Wasswa akasema. "Alumini ukijaza hapo, joto ikipanda inabanduka. Wacha hiyo ibaki. Huku nakata mbili." Akakata mifuo miwili, karibu karibu, kwenye ukingo wa upande mwingine, akapitisha kidole gumba kuhakikisha haichani ngozi. Nyonga sasa ina alama tatu. Upande wenye miwili ni kushoto kwa mama. Upande wenye mmoja ni kosa langu, na utalisikia kwa kidole kila ukiishika. Nilifikiri kukuomba nyonga ibaki nyumbani. Lakini niliona umeshaifunga kwenye blanketi la bluu, chini kabisa ya sanduku, pamoja na kichwa chake, hata baada ya yote. Nimeitoa kwa siri kuipeleka Katwe na nimeirudisha kama ilivyokuwa. Sitakuamulia. Ukitaka kuiacha, iache mezani.

Ukienda nayo, jua ni nini. Ni kitu kilichotengenezwa na mtu aliyesimama mahali fulani. Picha ya kwenye simu nayo aliichora mtu aliyesimama mahali fulani, na ile plastiki ya kwenye mtihani pia. Mimi nilitumia maisha yangu kuuliza watu walisema nini, lini, wapi, na sikukumbuka kuiuliza alumini umesimama wapi. Wasswa aliuliza, na yeye hajui kusoma picha ya daktari. Mama Mdogo alijua kwa kulala chini. Huko wodini utakuta wanawake watakaokuwa wamelala mbele yako, na hao hawahitaji mfuo. Ukipotea, mwombe mama anyanyue mkono wake wa kushoto.

Nilikuwa nimepanga kuitia barua hii ndani ya lile blanketi la bluu. Ungeikuta ukishafika, mimi nikiwa mbali, na ungepiga simu au usingepiga. Nilikuwa nimeshaikunja. Kisha nikaona ni jambo lile lile kwa mara ya tatu, kabla ya mtihani, baada ya matokeo, na sasa: nasubiri uondoke ndipo ujue. Nimeikunjua.

Kesho saa kumi na moja alfajiri, kabla ya chai, nitakupa mkononi, nami nitakaa kwenye kile kiti cha barazani mpaka umalize kusoma. Mama Mdogo nimempigia simu aje saa kumi na mbili. Anadhani anakuja kukuaga tu. Naye nitamwambia, mbele yako na mbele ya mama yako. Jirani atakuja na gari saa kumi na mbili na nusu, basi linaondoka saa moja. Una saa moja na nusu ya kuniuliza lolote. Nitajibu kila swali, na kila nitakachojibu unaweza kukinukuu.

Baba yako